Goti Ambalo Karani Hakuliona

Alitazama magoti kabla ya nyuso. Ukiingia kwenye korido ya hospitali yetu ulimkuta amesimama mlangoni mwa ofisi yake, sweta limefungwa vifungo vyote hata kama jua linachoma mabati, macho yameshuka chini yakipita kwenye miguu ya watu waliokaa kwenye benchi. Nilimjua kwa miaka mingi. Naamini angenipita sokoni bila kunitambua kama nisingekuwa nachechemea.

Tulimwita Karani. Jina hilo hakulipenda. "Karani ni wa chifu," alikuwa akisema. "Mimi ni afisa wa rekodi." Tukasema ndiyo, afisa, na akigeuka tukamwita Karani.

Kazi yake ilikuwa hivi. Daktari akishakupima anaandika ugonjwa wako kwenye faili. Faili linapelekwa kwa Karani, naye anatafuta ugonjwa huo katika kitabu kinene na kuandika namba yake juu ya faili. Watu wa bima hawasomi maneno ya daktari. Wanasoma namba. Kuna namba zinazokupa bendeji na vidonge, ukaenda nyumbani. Kuna nyingine zinazokupeleka hospitali kubwa kwa daktari wa kupasua mifupa. Kwa hiyo daktari alijua unaumwa nini, lakini Karani ndiye aliyejua utatendewa nini.

Magoti yalikuwa S themanini na tatu, halafu inafuata nukta. Nukta sifuri ni pia ya goti, kile kifuniko cha mbele, imehama. Nukta moja ni goti lenyewe limetoka, mfupa wa chini umeachana na wa juu. Nukta sita ni kuteguka tu. Upande wetu, kusini mwa Kitui, magoti huumia sana. Punda huanguka na mitungi ya maji, pikipiki huteleza kwenye mchanga, ng'ombe hupiga watu zizini. Basi watu walizijua zile nukta kama wanavyojua siku za soko. Kwenye benchi mtu hakukuuliza unaumwa wapi. Alikuuliza, "Wewe uko nukta ngapi?"

Mzee mmoja aliingia kwake akiwa ameshikwa mabega na wanawe wawili. Karani aliacha mlango wazi, kama kawaida yake, tukasikia yote.

"Goti gani?"

"Ngoja nikueleze, mwanangu. Huyu ng'ombe nilimtoa Mutomo akiwa ndama. Mpole kabisa. Sasa juzi..."

"Mzee. Kushoto au kulia?"

"Naja hapo. Juzi nikaingia zizini..."

"Ng'ombe nimeshamwandika. Ana namba yake, W hamsini na tano. Bado wewe. Kushoto au kulia?"

Benchi zima lilicheka. Hata wale wanawe walicheka. Mzee akasema kulia, akatoka akitazama sakafu. Ndivyo ilivyokuwa kwa Karani. Alikuchekesha mpaka zamu yako ikafika.

Mchana alikula muthokoi, mahindi yaliyokobolewa na maharagwe, kutoka kwenye kopo. Alifunga mlango kwa ufunguo, lakini ofisi yake ilikuwa na dirisha la kioo upande wa korido, kwa hiyo tulimwona akitafuna. Alitafuna polepole. Hakuona aibu kwamba mama aliyembeba mtoto mgonjwa anamtazama mdomo. Akimaliza alipangusa kijiko, halafu akapangusa kitabu chake kwa kitambaa hicho hicho, akafungua mlango na kuita, "Nukta sifuri, ingia!"

Kuna msichana aliyekuwa akicheza densi ya kwaya kanisani kwetu. Pia yake ya goti ilikuwa ikihama na kurudi yenyewe. Ikihama alianguka, ikirudi alisimama, na akifika hospitali hapakuwa na kitu cha kuonekana. Daktari aliandika imehama. Karani alitoka na faili mkononi, akasimama mbele yake pale kwenye benchi.

"Inatoka?"

"Ndiyo, afisa."

"Itoe nione."

Msichana alimtazama mama yake. Mama yake akatazama pembeni, kwa sababu walikuwa wametembea tangu alfajiri na hawakutaka kurudi bure. Basi msichana akakunja mguu, akasukuma ile pia kwa kidole gumba mbele ya watu wote mpaka ikateleza kando kama kokwa. Alipiga kelele ambayo sijaisahau. Karani aliinama, akatazama, akaandika.

"Umeona?" alimwambia. "Si ngumu. Sasa hakuna mtu anaweza kusema nimedanganya."

Vijana wa mji wakamwita Nukta Sifuri. Aliacha kwaya.

Siku za Jumapili Karani alikuwa mtu mwingine, na hili ndilo gumu kulieleza kwa mtu ambaye hakumjua. Alikuwa mzee wa kanisa. Ukifika wakati wa kuombea wagonjwa yeye ndiye aliyesimama, na alitukumbuka sote kwa majina, bila karatasi. Nakumbuka maneno yake kwa sababu yalikuwa ya kwangu. "Bwana, mkumbuke kijana wako Kyalo na goti lake lililotoka." Sauti ilimkatika. Machozi yalimtoka kweli, akayafuta kwa mkono wa sweta. Wamama waliitikia amina.

Mbele ya Mungu goti langu lilikuwa limetoka. Jumatatu hospitalini lilikuwa limeteguka.

Sasa nieleze la goti langu. Nilikuwa nimemaliza darasa la nane na nimeshaacha mambo ya shule. Nilikuwa nikiteka maji kwenye visima vya mchanga mtoni na kuyauza nyumba kwa nyumba. Siku moja punda aliteleza ukingoni na mitungi yote, akaniangukia mguuni. Goti la kushoto lilitoka. Halikuwa jambo la kubahatisha. Mguu wa chini ulikuwa umekaa nyuma ya paja kama mguu wa mtu mwingine.

Kijijini kwetu tuna mama mzee anayekanda watu na kurudisha mifupa. Tunamwita Susu, yaani nyanya, ingawa si nyanya wa mtu yeyote kati yetu. Mtu akiumia Susu huitwa kabla ya gari. Alikuja mbio, akanipa kitambaa niume, akashika kifundo, akavuta na kupindua. Goti likaingia kwa mlio. Maumivu yakapungua papo hapo, mama yangu akapiga magoti mchangani akashukuru. Ndipo tukaenda hospitali.

Daktari alikuwa kijana, ametoka chuo juzi. Alisikiliza vizuri. Alilitikisa goti, akaona linacheza kila upande, akaandika: goti lilitoka, likarudishwa nyumbani, kano zimekatika, aende kwa daktari wa mifupa. Nikapigwa eksirei. Picha ikaonyesha mifupa imekaa mahali pake. Susu alikuwa ameifanya kazi yake vizuri.

Karani alikuja na faili mpaka chumba cha daktari. Mimi nilikuwa bado kitandani.

"Daktari, hili goti uliliona likiwa nje?"

"Hapana. Lilirudishwa na..."

"Picha imeliona likiwa nje?"

"Hapana, lakini ukiligusa utajua mwenyewe..."

"Mimi siyo wa kugusa. Nani aliliona?"

Mama alisema, "Mimi nililiona. Na Susu."

"Mama Kyalo, wewe na Susu hamna muhuri." Akamgeukia daktari. "Hii ni hadithi. Mimi sipi hadithi namba. Bima wakirudisha faili watakuuliza wewe au wataniuliza mimi?"

Daktari alikuwa mgeni, na Karani alikuwa amekaa pale kabla madaktari watatu hawajaja na kuondoka. Akachukua kalamu, akakata alichoandika, akaandika kuteguka. Nukta sita. Nikapewa bendeji.

Mimi sikusema neno. Si mtu wa maneno, mbele ya watu ulimi wangu huwa mzito. Karani alinipenda kwa hilo. Aliniwekea mkono kichwani akasema, "Huyu ni mgonjwa mzuri. Hana kelele."

Nilirudi mara nyingi baada ya hapo. Goti halikukaza. Nilikuwa nikitembea vizuri, halafu chini yangu linaachia kama mlango uliolegea bawaba. Sikuweza tena kumfuata punda kwenye mchanga. Kila nilipokwenda hospitali daktari mwingine alinipima, kila daktari alitikisa kichwa, na kila faili lilipofika kwa Karani lilirudi na nukta ile ile. Mara moja alinikalisha, akanimiminia chai kutoka kwenye chupa yake mwenyewe. Ilikuwa chai nzuri ya maziwa. Akaniambia kwa sauti ya upole, kama baba:

"Kijana wangu, mimi sikuchukii. Nakuombea kila Jumapili, unajua. Lakini mwili hudanganya. Picha haidanganyi. Siku likitoka, uje likiwa nje. Usiruhusu yule mama aliguse. Nikiliona, mimi mwenyewe nitakupigania."

Nilimshukuru. Nilifika nyumbani nikamwambia mama maneno hayo yote kama nilivyoyasikia. Mama aliyashika. Tulikuwa tumepata njia.

Habari hiyo haikubaki kwetu peke yetu. Watu walianza kuambiana kwamba Susu asiguse mtu mpaka Karani aone. Kijana aliyeanguka na pikipiki alikaa chini ya ukuta wa duka na bega nje, ndugu zake wanamzuia Susu asisogee. Mwanamke mmoja aliletwa kwa mkokoteni, kidole gumba kimegeuka nyuma, na alipofika Karani alimsifu mbele ya benchi. "Hawa ndio watu wanaoelewa." Susu alikaa mlangoni kwake akitazama watu wanapitishwa wakilia. Nilimsikia akimwambia mama, "Zamani mlikuwa mnaniita nikimbie. Sasa mnaniita nitazame."

Siku yangu ilifika wakati wa kupalilia mbaazi. Nilikuwa nashuka kutoka tuta la juu kwenda la chini, jembe begani, ardhi ikaporomoka. Nilisikia mlio kabla ya maumivu. Nilipotazama, mguu ulikuwa umekaa vile vile kama siku ya punda, umerudi nyuma ya paja.

Mama alikuja. Susu naye alisikia kelele akaja, amefunga leso kiunoni tayari, akachuchumaa, mikono yake ikashika kifundo.

"Usiguse!" mama alisema.

"Mama Kyalo."

"Usiguse, Susu. Karani aone kwanza."

Susu hakutoa mikono. Alipapasa unyayo wangu, akapapasa juu ya kidole kikubwa. "Mguu unapoa," alisema. "Nipe nafasi nivute mara moja tu. Halafu mwende."

"Ukivuta watasema ni hadithi tena. Atachechemea mpaka azeeke. Nakuomba kwa jina la Yesu, toa mkono."

Wote wawili walinitazama mimi. Nilikuwa na umri wa kusema. Nilitaka kusema vuta, mdomo ulikuwa umejaa hilo neno, kwa sababu maumivu yalikuwa makubwa mno. Lakini nilifikiria ile nukta moja. Nilifikiria daktari wa mifupa, na mguu unaokaza, na mimi nikimfuata punda. Nikamwambia mama, "Mwaitu, twende."

Susu alitoa mikono.

Jirani aliyekuwa akipeleka mbuzi sokoni alitupakia kwenye pikapu yake. Mama alishika mguu wangu mapajani mwake usigongwe na kwato. Barabara ni ya mawe na makorongo. Kila shimo nilizimia nikaamka. Mama alikuwa akiniambia, "Vumilia. Leo ataliona. Leo lazima aone." Jua lilikuwa kali, lakini mguu kuanzia goti kwenda chini haukusikia joto. Baadaye sikuusikia kabisa, na mama alifurahi kwamba maumivu yamepungua.

Tuliposhuka Karani alikuwa mlangoni, macho chini. Akaliona. Nakumbuka uso wake ulivyofunguka. Alikuja mwenyewe mbio, akainama karibu pua iguse goti langu.

"Sasa hiki ni kitu," alisema. "Mama Kyalo, mmefanya vizuri. Piga picha haraka. Haraka!"

Na kweli alinipigania. Lazima niseme ukweli huo. Picha ilipotoka aliichukua ikiwa bado na joto, akaandika S themanini na tatu nukta moja kwa kalamu nyekundu, akapiga simu kwa watu wa bima akawafokea, akabeba karatasi zangu akikimbia koridoni, sweta limefunguka vifungo. Sijawahi kumwona mtu akikimbia kwa ajili yangu namna hiyo. Wakati huo daktari alikuwa amelirudisha goti mahali pake, na alikuwa ameshika unyayo wangu akitafuta mpigo wa damu. Alitafuta juu ya unyayo. Akatafuta nyuma ya kifundo. Akamwuliza mama, "Limekuwa nje tangu lini?"

"Tangu asubuhi."

"Na hakuna mtu wa kulirudisha huko kwenu?"

Mama aliufunika mguu wangu kwa leso yake.

Nilipelekwa hospitali kubwa kwa ambulansi siku hiyo hiyo, kila kitu kimelipiwa. Daktari wa mifupa, yule niliyemngojea kwa miaka yote, alilitazama goti na hakuligusa sana. Alisema mshipa mkubwa wa damu nyuma ya goti ulikuwa umebanwa muda mrefu na mguu umekufa. Kama lingerudishwa mapema, alisema, pengine damu ingepita. Walikata juu ya goti.

Mama hazungumzii siku ile. Akimwona Susu njiani anapitia shambani.

Karani hakujua. Faili likishatoka kwake huwa halirudi, na mimi nikiwa bado wodini alistaafu, watu wakamfanyia sherehe kanisani, wakampa blanketi na saa ya ukutani. Akahamia upande wa Makueni kwa binti yake.

Mimi nami niliondoka. Mjomba wangu ana duka la nafaka Sultan Hamud, huko huko Makueni, karibu na reli ya zamani, na kazi ya kupima maharagwe haihitaji miguu miwili. Nakaa kwenye kiti kirefu nyuma ya mizani, mkongojo umeegemea gunia.

Mwaka huu, mchana mmoja, aliingia. Alikuwa amekonda, sweta ni lile lile. Alikuja mpaka kwenye mizani, akatazama maharagwe, halafu macho yake yakashuka kama zamani, yakapita chini ya meza. Yakakuta mguu mmoja wa suruali umekunjwa na kubanwa na pini.

Alikaa akiutazama.

"Juu ya goti au chini?"

"Juu."

"Z themanini na tisa," alisema, taratibu, kama mtu anayekumbuka jina la rafiki. Halafu akapandisha macho. "Wewe ni yule kijana wa punda. Yule asiye na kelele."

"Ndiyo, mzee."

"Nilikupa nukta moja. Walikubali?"

"Walikubali."

"Nilikuambia nitakupigania." Akatikisa kichwa. "Sasa mbona wamekata?"

Nilimweleza. Nilieleza polepole kwa sababu siwezi kwa haraka: Susu ameshika kifundo, mama akimwambia atoe mkono, mbuzi, barabara, mguu uliopoa. Sijawahi kusema maneno mengi hivyo kwa mtu. Wateja wawili waliingia wakasimama wakingoja. Karani alisikiliza yote bila kunikata, na hilo lilinishangaza. Nilipomaliza niliona machozi yanamlengalenga, kama Jumapili. Nikapata moyo, nikauliza lile nililolilalia miaka yote.

"Mzee, siku ya kwanza daktari aliandika lilitoka likarudishwa nyumbani. Kile kitabu chako kilikataa?"

Alifikiri. Hakuwa mtu wa kudanganya kuhusu kitabu.

"Hapana," alisema. "Daktari akiandika, inatosha. Haihitaji picha."

"Hata kama limerudishwa?"

"Hata kama limerudishwa. Bado ni nukta moja."

"Sasa mbona?"

Alifuta macho kwa mkono wa sweta. Alinitazama usoni, na nadhani ilikuwa mara ya kwanza.

"Mngezoea kuaminiwa," alisema.

Kisha akachota maharagwe kiganjani, akayachambua kwa kidole, akaniuliza kama yanaiva haraka. Nikamwambia ndiyo, yanaiva haraka.